Caminito del Rey kule Uhispania: niende na mwongozaji ama nijitembeze? (naogopa urefu jamani)

MamaJabali (Zimmerman)

Hamjambo wote. Nina swali na naomba msinicheke, ama mcheke lakini mkimaliza mnijibu. Dadangu anafanya kazi Uhispania, huko Málaga, miaka sita sasa, na mwaka huu Mungu amefungua njia viza imetoka, mimi na kijana wangu wa mwisho tunaenda kumwona mwezi wa kumi. Sasa yeye badala ya kunipangia nile nilale nipumzike kama mgeni amenipangia magenge. Kuna mahali panaitwa Caminito del Rey, ni njia ya mbao imeshikizwa ubavuni mwa jabali, chini yako ni mto, mita 100 hivi, na juu yako ni jabali bado. Alinitumia video usiku nikaiangalia nikiwa kitandani, na nawaambia ukweli nilishika shuka.

Mimi huogopa urefu na si kidogo. Lile daraja la miguu la Roysambu pale Thika Road, lile nyinyi mnavuka mkila njugu, mimi navuka nikiangalia mgongo wa mtu wa mbele, na kama hakuna mtu wa mbele nasubiri aje. Wenye wananijua hapa Zimma, Nairobi, wanajua. Mwaka jana tulipanda juu ya lile ghorofa la KICC na kina mama wa chama, wote wakaenda ukingoni kupiga picha, mimi nikabaki karibu na mlango nimeshika mikoba yao yote tisa.

Dadangu anasema kuna tiketi ya kawaida unajitembeza, na kuna ya kuongozwa, hiyo ni bei zaidi kidogo, na yeye anataka ya kuongozwa ati mtu wa kazi hiyo ataniondolea woga. Mimi nauliza, huyo mwongozaji ananisaidia nini hasa? Atanibeba? Ama ni kunikimbiza tu juu kuna kundi lingine nyuma, halafu nikikwama katikati watu ishirini wananingoja wakipiga miluzi, hiyo aibu nitaipeleka wapi. Halafu kijana wangu ako na miaka saba, atafika nane Desemba, na huyo haogopi kitu hata kimoja, hilo ndilo linanitisha zaidi. Dada anasema tutasema tu ana nane. Kuna mwenye ameenda huko aniambie ukweli? Sitaki ile ya "utaweza mama, jiamini". Hiyo nimepewa ya kutosha.

Kamanda_Githurai

Pole mama Jabali. Lakini mimi naona mnapeleka pesa mbali bure. Korongo tuko nalo hapa kwa mbuga ya Hell's Gate, kilomita kama 90 kutoka Nairobi, unapanda matatu ya Naivasha asubuhi, unakodi baiskeli pale getini, jioni uko nyumbani unasonga ugali. Euro za nini. Na huku kwetu hata gaidi unapata wa kuongea na wewe Kiswahili.

Achieng_wa_Umoja

@Kamanda gaidi??? Hahaha andika mwongozaji tafadhali, kuna mtu atasoma hapa aite polisi.

Kamanda_Githurai

Si ndio vile watu wanawaita huko Naivasha, uliza mtu yeyote. "Unataka gaidi mkubwa?" Mara ya kwanza nilikaribia kurudi kwa matatu.

Achieng_wa_Umoja

Haya mama Jabali, mimi nimeenda kwa hivyo nikujibu. Nilikuwa Málaga mwaka juzi kwa mafunzo ya kazi, wiki mbili, na Jumapili moja tukaenda watu watano. Jumatatu hufunga, usipange hiyo siku.

Nianze na kijana juu hilo ndilo litaharibu mpango wote. Chini ya miaka minane HAINGII. Si eti wanashauri, ni sheria, na pale mlangoni kwa watoto wanataka karatasi ya kuonyesha umri, na karatasi ya mtoto wako ni pasipoti, na pasipoti imeandika Desemba. Hiyo ya "tutasema ana nane" dada yako aisahau. Nilimwona baba mmoja akibishana pale na mtoto begani, amevaa sare ya mpira, analia, na wale watu wa mlango wala hawakupandisha sauti, walikuwa wanatingisha kichwa tu hadi akachoka. Mmetoka mbali, msije kuwa yule baba.

Sasa njia yenyewe. Ni ya upande mmoja, unaingilia kaskazini upande wa Ardales unatokea kusini El Chorro, hakuna kurudi nyuma. Hilo unafaa kulijua mapema juu wewe ni mtu wa kusubiri mgongo wa mbele, huko migongo iko mingi na yote inaelekea mahali wewe unaelekea, hakuna mtu anakuja kukukuta uso kwa uso akitaka umpishe upande wa bonde. Kwa jumla ni kilomita 7.7 lakini usishtuke, sehemu kubwa ni njia ya kawaida ya kufika na kutoka, miti, mchanga, kama msitu wa Karura tu. Zile mbao zenyewe ni kilomita 2.9. Na hata hizo hazijafuatana zote. Unaanza na korongo jembamba, mahali pengine ungedhani kuta zinataka kugusana, halafu inafunguka unatembea kwa bonde pana lenye misonobari, hapo unapumua, unakula ndizi yako, halafu ndio unaingia korongo la mwisho linaitwa Gaitanes, na hilo mama sikudanganyi, hilo ndilo la video.

Mbao ziko imara. Upana ni kama mita moja, upande wa bonde kuna waya za chuma zimekazwa mpaka kifuani, upande wa jabali kuna waya wa kushika. Mimi nilishika huo wa jabali kilomita zote mbili na point yake mkono ukatoka mweusi. Chini ya miguu yako, ukipata ujasiri wa kuangalia, unaona ile njia ya zamani. Hiyo ndiyo ilinimaliza. Simiti imetoboka, mahali pengine imeanguka yote imebaki vyuma vimetokeza ukutani kama meno, na watu walikuwa wanatembea juu ya hivyo! Mwongozaji wetu alisema ilijengwa 1901 hadi 1905, ilikuwa ya wafanyakazi wa kampuni ya umeme, kuna maporomoko mawili na mitambo huku na huku na walihitaji kuvuka wakiwa na vifaa. Mfalme Alfonso wa 13 alipita 1921 wakati wa kufungua bwawa ndio ikaitwa njia ndogo ya mfalme. Yaani mfalme alipita mara moja akapewa jina, mafundi walipita kila siku. Baadaye ikaachwa ikaoza, vijana wakawa wanaenda kujaribu bahati, wengine wakafa, kuna kibao cha vijana watatu waliokufa mwaka 2000. Ndipo wakafunga kabisa, na hii mpya imefunguliwa Machi 2015.

Kuhusu helmeti, lazima uvae, wanakupa na kofia laini ya kutupa ya kuvaa ndani. Kama umesuka rasta nene usizifunge juu. Nilikuwa nimetoka kusukwa Kenyatta Market na fundo kubwa utosini kama kikapu, helmeti ikakaa juu ya fundo, yule dada wa helmeti akaniangalia, mimi nikamwangalia, nikafumua zote pale pale mbele ya foleni. Suka chini chini, ama njoo na matuta.

Sasa mwongozaji. Nilipoenda, ya kujitembeza ilikuwa euro 10 na ya kuongozwa 18, ukinunua kwao wenyewe. Kuna wakala mmoja mjini alituuzia bei ya juu karibu mara tatu ati na usafiri, na usafiri wenyewe basi lilichelewa, kwa hivyo mwambie dada anunue moja kwa moja na anunue SASA, mwezi wa kumi hali ya hewa ni nzuri na saa nzuri zinaisha. Mnapewa kidude cha sikioni, mwongozaji anaongea akiwa mbele wewe unamsikia ukiwa nyuma. Kiingereza ama Kihispania. Mimi naona 8 euro za ziada ni halali, lakini kwa sababu tofauti na ya dada yako. Woga hakuniondolea. Alichofanya ni kunipa kitu cha kusikiliza. Alikuwa mzee mwembamba hivi, anatusimamisha kila mara, mara weka kidole hapa kwa jiwe hili, hiki ni kiumbe cha bahari, hii milima ilikuwa chini ya bahari, mara sikiliza treni, na kweli treni inapita ng'ambo ile inaingia tundu la jabali inatokea tundu lingine. Mimi nikiwa na kidole kwa konokono wa mamilioni ya miaka nikasahau niko mita 100 juu. Nikakumbuka baadaye.

Kile kidaraja cha mwisho ndicho utalia. Kinaning'inia, kinavusha korongo, unapita hewani. Hapo mwongozaji hawezi kukusaidia, mnapita wachache wachache na upepo unakuja kutoka upande.

fundi_wa_lifti

Mimi kazi yangu ni ndani ya mashimo ya lifti, ghorofa ishirini chini yangu giza tupu, na niliingia kazi hii nikiwa mwoga kukushinda mama. Woga uko machoni, miguu haina shida. Usiangalie chini lakini pia usiangalie mbali, watu husema angalia mbali, huo ni uongo, mbali ndiko kizunguzungu hutoka. Angalia kitu kiko umbali wa hatua mbili tatu, msumari, kiungo cha ubao, kisigino cha mwenzako. Na usifunge macho hata sekunde. Na usisimame katikati ya kidaraja kupiga picha, picha utapiga ukifika.

Ya pili, jaribu hapa kwanza. Nenda Ngong Hills Jumamosi, si kwa urefu, kwa upepo. Mtu wa Nairobi hajazoea upepo wa kumsukuma akiwa mahali pa juu, na naamini huo ndio utakuangusha moyo huko. Ukiwa na pesa zaidi panda Timau, msitu wa Ngare Ndare, kuna njia ya waya kati ya miti, kama mita 450, inatikisika chini unaona kila kitu. Ukimaliza hiyo bila kulia kata tiketi. Ukilia kata pia, utakuwa ushalia.

Mzee_Olkaria

Wanangu nimesoma yote. @Kamanda kijana wangu, usilinganishe. Mimi nilitembeza watu kwenye korongo la Ol Njorowa hapo Hell's Gate miaka mingi kabla ya magoti kunikataa, na ninyi ndio mlikuwa mnakuja kutoka Nairobi na viatu vya kanisani mnasema "mzee sisi hatuhitaji mtu, tunaiona njia". Ndio, njia unaiona. Mvua huioni.

Huko kwa mama Jabali mtu anatembea juu ubavuni, maji yako chini. Hell's Gate unatembea ndani, chini kabisa, pale pale maji yanapopita yakija. Kuta zimekukaba pande zote mbili, mahali pengine ukinyoosha mikono unazigusa, maji ya moto yanachuruzika kwa mawe, raha tupu, watoto wanapiga kelele wasikie mwangwi. Na mvua inanyesha mahali wewe huioni, huko juu kwenye miinuko, hapo ulipo kavu, halafu inakuja yote kwa pamoja. Aprili 2012 vijana saba wa kanisa walikufa humo. Septemba 2019 tena watu saba, na mmoja wao alikuwa mwongozaji. Sitasema zaidi kuhusu hiyo siku.

Kwa hivyo dada Achieng ukisema mwongozaji ni wa kukupa kitu cha kusikiliza, sawa, huko kwao, ambako kuna waya na helmeti na mtu wa kufunga mlango upepo ukizidi. Huku kwetu mwongozaji ni wa kunusa hewa na kusema leo hatuingii. Niliwahi kurudisha kundi la watu kumi na wanne, wamelipa, wameshafika kwenye ngazi za kushukia, kwa sababu tu niliona wingu limekaa vibaya upande wa juu na nzi wameanza kuuma. Walinitukana. Mmoja alisema ataniripoti. Mvua yenyewe haikunyesha hata tone, na ningeulizwa leo ningewarudisha tena.

Mama, ukifika huko muulize yule mwongozaji wako swali moja kabla hamjaanza: mkifunga njia sisi tukiwa ndani, tunatokea wapi? Akijibu haraka bila kuangalia simu, mfuate.

Achieng_wa_Umoja

Mzee shikamoo. Ni kweli nilisahau kusema hiyo, upepo ukizidi ama mvua ikizidi wanafunga, kwa hivyo mama usiweke siku hiyo iwe ya mwisho kabla ya ndege, weka mwanzo mwanzo ubaki na nafasi.

MamaJabali

Mungu awabariki nyote, Mzee shikamoo, nimesoma yako mara tatu. Nimempigia dada jana usiku nikamsomea hiyo ya miaka minane na karatasi. Akanyamaza. Nikamsomea ya baba wa sare ya mpira. Akasema "acha niangalie", akakata simu, baada ya dakika kumi akapiga akasema ni kweli, imeandikwa wazi kwenye tovuti yao, hakuwa amesoma, alikuwa ameangalia tu picha.

Maswali yamebaki mawili. Kuna choo njiani? Na kutoka ule mwisho hadi kule gari limebaki ni vipi?

Achieng_wa_Umoja

Choo ndani hakuna, malizana nacho kabla hujaingia, na chai ya asubuhi iwe kidogo. Ukitokea El Chorro kuna basi dogo linawarudisha kule kaskazini mlikoanzia, ni pesa kidogo tu. Ila sisi tulikuja na treni kutoka Málaga, kama dakika arobaini, inashusha pale pale El Chorro, halafu tukapanda hilo basi kwenda kuanza, ili tukimaliza tuwe tayari tuko stesheni. Naona hiyo ni bora. Lakini treni ni chache kwa siku, angalia ya kurudi kabla ya kupanda ya kwenda, sisi tulikaa pale kwa benchi saa moja na nusu miguu ikiwaka. Na basi likikushusha bado unatembea ndio ufike mlangoni, kuna njia fupi inapita ndani ya kitundu cha mlima, dakika ishirini hivi. Saa iliyoandikwa kwa tiketi ni ya mlangoni, si ya kushuka kwa basi. Wengi hapo ndipo huchelewa.

Viatu raba, vya kufungwa. Mwavuli na begi kubwa hawataki. Na hiyo simu ifunge kamba shingoni, ya mwenzangu iko mtoni hadi leo.

fundi_wa_lifti

Na kijana atabaki na nani?

MamaJabali

Hapo ndipo maneno yalipo. Tumebishana hadi saa sita za usiku. Mimi nilijua nimeokoka, nikasema basi dada nenda wewe, mimi nitabaki na mtoto, si huyo ni mtoto wangu, mama hukaa na mtoto wake. Nikajiona mjanja. Akaniambia yeye ameshaenda mara mbili!! Miaka sita huko, bila shaka ameenda, na mimi sikuwahi kumuuliza. Ati kuna mabwawa pale karibu na mwanzo, maji ya kijani, watu wanakodi mitumbwi ya kupiga kasia, yeye na mpwa wake watakuwa huko wakila aiskrimu hadi nimalize.

Tiketi imenunuliwa leo asubuhi. Ya kuongozwa, saa nne na nusu, ni moja, na jina ni langu. Jumamosi naenda Ngong Hills, kama kuna mtu wa huku Zimma ama Kasarani anaenda aniambie nimfuate nyuma. Aende mbele tafadhali.

Kamanda_Githurai

Mimi naenda. Lakini mikoba atashika nani?